Jina la Loice kwenye Uzi Mmoja

Karibu kila Mkenya aliyekaa Dallas muda wa kutosha kuoa, kuhitimu chuo au kubatiza mtoto alikuwa ametajwa na Absalom katika wimbo. Wakongo wa Garland nao aliwataja, na Watanzania wachache wa Irving, hata Mmeksiko mmoja aliyekuwa msimamizi wake kazini, ambaye jina lake lilikuwa refu likahitaji nyuzi zote za litungu. Mtu pekee ambaye hakuwahi kumtaja alikuwa mke wake, Loice.

Si kwamba alimsahau. Ndivyo alivyofundishwa. Huko kwao Chwele, chini ya Mlima Elgon, mpiga litungu hakai tu na kile kinubi chake akapiga. Huimba, na katikati ya wimbo humtaja mtu: jina lake, jina la mama yake, kijiji alikotoka na jambo jema alilolifanya. Aliyetajwa lazima ainuke atikise mabega mbele ya watu. Asipoinuka, mpigaji hurudia mpaka ainuke, maana wimbo ukimwita mtu naye akakaa tu, ni aibu ya wote wawili. Lakini mjomba aliyemfundisha Absalom alikuwa na onyo lake. "Mke wako usimtaje," alimwambia. "Ukimsifu mkeo mbele za watu, watasema jana alikunyima chakula." Wanaume waliokuwapo walicheka. Absalom, ambaye wakati huo hakuwa hata na ndevu, sembuse mke, aliliweka neno hilo moyoni kama sheria.

Litungu lilikuwa mwanzo tu. Kwa jirani alijifunza siilili, fidla ya uzi mmoja inayoegemezwa kifuani na kusuguliwa kwa upinde. Filimbi alijichongea mwenyewe. Kodiani aliikuta kwa mlinzi wa kanisa, gitaa kwa binamu. Alipofika Webuye kutafuta kazi katika kiwanda cha karatasi, alikuwa ameshajua ala nyingi kiasi kwamba bendi ya klabu ilimchukua bila kumuuliza anapiga nini. Akikosekana mpiga ngoma, Absalom alipiga ngoma. Akilewa mpiga besi, Absalom alishika besi. Ikawa mzaha pale mjini kwamba bendi nzima ikiugua, tiketi ziuzwe tu, Absalom yupo.

Na ni Webuye alikompata Loice, muuguzi wa zahanati, msichana mkimya aliyekuja klabu mara moja, akakaa karibu na mlango, akaondoka soda yake ikiwa nusu. Absalom alimkimbilia nje na kodiani bado iko kifuani. Kila alipohema, nayo ilihema. Loice alisema baadaye kwamba hakusikia hata neno moja la aliyoambiwa jioni ile. Alisikia tu kodiani ikitafuta pumzi, akaionea huruma.

Loice ndiye aliyewaleta Marekani, kwa kazi yake ya uuguzi. Walipofika Texas na mtoto wao Sheldon, Loice aliajiriwa zamu za usiku katika nyumba ya kutunzia wazee, na Absalom katika ghala karibu na uwanja wa ndege. Jumamosi ghalani zilikuwa siku za saa za ziada, na kila mwenye familia alizigombania. Loice alimkataza. "Jumamosi ni ya watu," alisema. "Nenda ukawapigie. Hizo za ziada nitafanya mimi." Akazifanya, mwaka baada ya mwaka. Ngozi ya litungu ilipochanika kwa ukavu wa baridi ya kwanza, yeye ndiye aliyeishona, kwa mshono uleule aliowashona nao watu wa Webuye waliojikata na mapanga. Sherehe ikiwa Fort Worth au Denton, yeye ndiye aliyeendesha gari, kwa kuwa Absalom barabarani alikuwa mtu wa kusikiliza injini badala ya kutazama mbele. Wakifika, alishusha ala, akakaa karibu na mlango akiwa amepakata makoti ya watu, na kabla muziki haujakolea alikuwa ameshalala, kinywa wazi kidogo, kama mtoto aliyebebwa kutoka safari.

Watu wote walimwita Mama Sheldon. Absalom naye alimwita Mama Sheldon. Ilipita miaka bila jina la Loice kusikika popote isipokuwa kwenye kitambulisho chake cha kazini.

Halafu mwaka jana uvimbe uliota shingoni mwa Absalom. Daktari aliwaeleza mapema kwamba ukiondolewa, huenda sauti ikaondoka nao. Uliondolewa, na sauti ikaondoka. Kilichobaki kilikuwa kama upepo unaopita chini ya mlango. Ukikaa karibu ungesikia neno, lakini wimbo, hapana. Siku alipojaribu kuimba jikoni na pasitoke kitu, Absalom alikaa kwenye kiti akalia. Loice alimfuta uso kwa kitambaa cha vyombo, hakuwa na kingine mkononi.

"Mimi nilimwomba Mungu mtu," alimwambia. "Sikumwomba sauti."

Maneno hayo yalimkaa Absalom. Alishukuru, na katika shukrani hiyo aligundua jambo lililomsumbua kuliko kidonda: kwamba alikuwa amewashukuru watu wa Texas nzima kwa sauti aliyopewa, na sauti ikaisha kabla hajafika nyumbani kwake.

Ndipo Wawira akapiga simu kutoka Houston. Wawira alikuwa binti wa Embu, fundi wa kompyuta, mwenyekiti wa kamati iliyotaka kuandaa alasiri ya kumshukuru Absalom kwa muziki wake wa miaka yote.

"Mzee, wewe uje ukae tu," alisema. "Keki tunayo, hotuba tunazo. Sisi ndio tutakushukuru."

"Nitapiga kidogo," Absalom alinong'ona.

"Pole, Mzee, sijakusikia."

Loice, aliyekuwa ameshika simu, akamsaidia. "Anasema atapiga kidogo."

"Mama Sheldon, daktari ameruhusu?"

"Daktari alikataza koo. Mikono hakuitaja."

Basi Absalom akaazimia. Mjomba alikuwa ameshakufa, na kama angekuwa hai angelazimika kuelewa. Huko Houston, mbele ya watu, angemtaja Loice. Na kama sauti haipo, ala zingetaja. Hilo halikuwa jambo geni. Wale aliowataja mara nyingi kila mmoja alikuwa na mlio wake, noti chache za kumwita, na mtu akiusikia mlio wake hata kutoka choo cha ukumbi alitoka akikimbia. Loice tu ndiye hakuwa na mlio.

Lakini alikuwa nao, bila yeye mwenyewe kujua. Alipokuwa akifunga viatu vya kazi, au akikwangua barafu kwenye kioo cha gari alfajiri, au akikunja soksi, Loice alivuma kitu puani. Haukuwa wimbo wa kanisa wala wa redio. Ulipanda taratibu, ukasita, ukateremka kama mtu anayeshuka ngazi gizani, kisha ukarudia kule kuteremka. Zamani, Absalom aliwahi kumuuliza ni wimbo gani. "Mimi?" Loice alisema. "Siimbi mimi." Akaendelea kufunga viatu.

Wiki zile za kujiandaa, Loice alipolala mchana baada ya zamu, Absalom alijifungia gereji na kuutafuta mlio ule. Kwenye gitaa ulitoka msafi kupita kiasi, kama mtu aliyevalishwa nguo za picha. Kwenye kodiani ulinenepa. Litungu lilifika karibu, filimbi ilifika karibu zaidi, lakini mahali pale pa kusita, pale Loice anapoteleza kutoka noti moja hadi nyingine bila kukanyaga katikati, hapakuwa na uzi wala tundu lake. Siku moja alichukua siilili, ambayo haina vituo, kidole kinateleza tu juu ya uzi. Akapiga, na mlio ukatoka kama wa Loice mwenyewe. Mlangoni kukasikika Loice akiuliza kama chai imechemka, na Absalom akaficha upinde nyuma ya mgongo kama mwizi wa sukari.

Ikawa imeamuliwa. Ni siilili au hakuna.

Walitoka Garland Jumamosi asubuhi, Loice kwenye usukani, ala zimefungwa mikanda kwenye kiti cha nyuma kama wajukuu. Barabara ya kwenda Houston ni ndefu na imenyooka, na kwa muda mrefu hakuna cha kutazama ila malori na mabango ya mawakili. Walipoikaribia Huntsville, misonobari ilianza pande zote mbili, mirefu na myeusi.

"Nilikusafishia ala zako jana," Loice alisema. "Zote. Huwezi kwenda kushukuriwa na ala zina vumbi la gereji."

Absalom alimgusa bega. Ndivyo alivyosema asante siku hizi.

"Ile fidla ndiyo ilinichosha. Lakini sasa inang'aa."

Absalom alitabasamu, akaendelea kusikiliza injini.

Ukumbi ulikuwa wa kanisa moja la Wakenya kule Spring, kaskazini ya Houston, jengo la matofali lenye maegesho makubwa na misonobari iliyoachwa kusimama kati ya magari. Joto la pale halikuwa la Dallas. Lilikuwa na maji ndani yake. Loice alipelekwa jikoni mara tu alipoonekana, maana mahali penye pilau ya watu wengi hapamkosi Mama Sheldon, na Absalom alipewa darasa la watoto la kujitayarishia, lenye viti vidogo na picha ya safina ya Nuhu ukutani.

Déo alikuwa anamngoja humo. Déo alitoka Uvira, Kongo, akapita kambini, akafika Garland, na kwa miaka mingi yeye ndiye aliyempigia Absalom chupa. Gitaa la kwao Absalom haliendi bila mtu wa kukwangua chupa ya soda yenye mikunjo, na Texas soda zote ni za kopo na plastiki. Déo ndiye aliyegundua kwamba maduka ya Wameksiko yanauza soda ya chupa ya kioo. Tangu ahamie Houston kuwa karibu na binti yake, walikuwa wakionana kwa simu tu.

"Grand," alisema, kama Wakongo wanavyomwita mkubwa wao, akamkumbatia muda mrefu. "Umekonda. Lakini iko vizuri, shati inakaa sasa."

Absalom alicheka bila sauti. Akaegemeza siilili kifuani, akaweka upinde juu ya uzi, akavuta.

Hakukutoka kitu. Upinde uliteleza kama kidole juu ya kioo kilicholowa. Akavuta tena, kwa nguvu. Kimya. Akaigeuza fidla, na hapo akaona. Kwenye mti, kando ya uzi, palipokuwa na donge jeusi la utomvu, palikuwa peupe, pamekwanguliwa, pamesuguliwa, na panang'aa.

Siilili bila utomvu ni fimbo. Upinde husuguliwa kwenye donge lile ili ukamate uzi, na donge la Absalom alikuwa amelibeba kutoka Chwele, limebandikwa pale na yule jirani aliyemfundisha, likiongezwa kidogo kidogo. Lilikuwa jeusi na la kunata na, kwa mtu asiyejua, lilikuwa sawasawa na chingamu iliyobandikwa na mtoto mtundu.

"Fidla imekufa?" Déo aliuliza.

"Imeoshwa," Absalom alinong'ona.

"Imeoshwa na nani?"

Absalom alielekeza kidevu dirishani pa darasa, ambapo Loice alikuwa anapita kwenye ujia na sufuria, akiwapungia mkono kwa vidole viwili vilivyokuwa huru.

Déo alimpungia naye, kisha akaketi kwenye kiti cha mtoto na kufunika mdomo. Mabega yalimtikisika. "Miaka yote ile aliiona, akavumilia," alisema alipoweza. "Jana akasema, hapana, bwana yangu hawezi kwenda Houston na chingamu."

"Usimwambie."

"Mi nimwambie nini? Mi pia niko na bibi." Akajifuta macho. "Bon, basi piga litungu. Nani atajua?"

Absalom akavuta kiti kingine kidogo, akakaa karibu naye ili asikike, akamweleza: onyo la mjomba, mlio wa Loice, gereji, na kwa nini litungu haliwezi. Alipomaliza koo lilikuwa linawaka. Déo hakuwa anacheka tena. Alikuwa anageuza chupa yake mikononi.

"Kumbe," alisema. "Watu wote hawa. Hata mimi ulinitaja, na mama yangu, na Uvira, nikalia mbele ya wasichana. Na Mama Sheldon, hakuna?"

"Hakuna."

"Tunatafuta nini?"

"Utomvu. Gundi ya mti."

Duka la ala za muziki lilikuwa ng'ambo ya jiji, na Houston ukisema unaenda ng'ambo ya jiji unaaga watoto kwanza. Huko ukumbini mtu alikuwa ameshaanza kujaribu kipaza sauti. Absalom alitazama fidla yake safi. Alijaribu kuona uchungu, akashindwa. Alimwona tu Loice baada ya zamu, macho mazito, amekaa sakafuni pa gereji na kisu cha siagi, akikwangua na kukwangua ili mumewe asiaibike.

"Grand," Déo alisema polepole. Alikuwa anatazama dirisha la nje. "Ile miti. Unaona ile miti? Kila Jumapili mi nalaani ile miti. Inanitemea gundi juu ya gari. Nimeosha, nimesugua, haitoki."

Walitoka kwa mlango wa nyuma. Déo alimpeleka moja kwa moja kwenye msonobari aliogombana nao zaidi, uliokatwa tawi zamani, na pale kwenye kidonda utomvu ulikuwa umechuruzika na kukauka, wa rangi ya asali, mgumu kwa juu. Waliukwangua kwa funguo za gari. Harufu yake ilikuwa kali na safi. Vipande walivitandaza juu ya boneti ya gari la Déo, na jua la Houston, ambalo siku nyingine wangelilalamikia, likavilainisha mara moja.

Wawira aliwakuta hapo, gauni lake la kitenge likiwa limebana miguu, karatasi ya ratiba mkononi. Alimtazama mgeni wa heshima aliyeinamia boneti na funguo, vidole vyote vinanata.

"Mzee, watu wanakungoja. Mnafanya nini huku?"

"Tunatengeneza dawa," Déo alijibu.

"Ya nini?"

"Ya sauti."

Wawira akashika upinde alipoambiwa aushike, na kamati ya Houston ikangoja.

Hotuba zilikuwa nyingi na nzuri. Mwanamume mmoja alieleza jinsi Absalom alivyopiga litungu hospitalini wakati mama yake anaaga dunia, akakataa hata chai. Binti mmoja, muuguzi mpya, alisema kwamba alipotajwa siku ya kuhitimu alijua kwa mara ya kwanza kwamba kijiji cha bibi yake kina jina zuri. Absalom aliwasikiliza akiwa ameinamisha kichwa. Kila aliposhukuriwa alitazama nyuma ya ukumbi, kwenye meza ya chakula karibu na mlango wa jikoni, ambako Loice, na aproni juu ya gauni lake la bluu, alikuwa anafunika sahani za chapati kwa karatasi ya foili.

Alipiga gitaa kwanza, Déo akikwangua chupa, na wazee wakashindwa kukaa. Alipiga kodiani. Alipiga litungu, milio ya watu aliowajua, na mmoja mmoja wakaruka vitini, mabega juu, wakicheka, wakiitana majina wenyewe kwa kuwa yeye hakuweza kuwaita. Halafu akaweka litungu chini na kuchukua siilili. Utomvu wa msonobari ulikuwa mgeni, hakujua kama ungekamata.

Akavuta upinde, na uzi ukaitika. Sauti ilikuwa nyembamba, yenye mikwaruzo kidogo, kama ya mtu aliyetoka kuamka. Mlio ulipanda taratibu, ukasita, ukateremka kama mtu anayeshuka ngazi gizani, ukarudia kule kuteremka.

Hakuna aliyeinuka.

Watu walitazamana. Waliijua desturi, kila mtu alimgeukia mwenzake kuona kama ndiye. Absalom akarudia. Déo aligonga chupa taratibu, ting, ting, kama anayebisha hodi kwa adabu. Mama mmoja mstari wa mbele alisema, "Huu ni wa nani jamani? Inuka, mtu asimchoshe Mzee." Hakuna.

Absalom alijua kwamba angeweza kumnyooshea kidole, na mambo yangeishia hapo. Lakini hilo halikuwa kumtaja, lilikuwa kumwonyesha tu, kama mtu anayeonyesha choo kilipo. Akarudia mara nyingine, polepole zaidi, akiacha kidole kiteleze pale anapoteleza Loice.

Na huko nyuma, akiwa ameinamia chapati, Loice alikuwa anavuma. Absalom aliona midomo iliyofungwa na koo linalocheza. Fidla ilipanda, naye alipanda nayo. Fidla ilisita, naye alisita. Mikono yake iliendelea kukunja foili pembeni mwa sahani, vizuri, pembe kwa pembe. Kisha fidla ikateremka mara ya pili, na mikono ikasimama.

Aliinua uso. Alimtazama mumewe kwa umbali wote ule wa ukumbi, kwanza kama mtu aliyeitwa na asiyemjua, halafu akaweka kiganja kifuani. Mimi?

Absalom aliitikia kwa kichwa bila kuacha kupiga.

Loice alitazama mlango. Kwa kitambo kidogo Absalom aliiona ile soda ya Webuye, nusu, juu ya meza. Lakini Wawira, aliyekuwa amesimama karibu na birika za chai, alikuwa ameelewa, akazishika kamba za aproni ya Loice kwa nyuma na kuzifungua. Aproni ikaanguka. Loice akabaki na gauni la bluu, mikono haijui iende wapi, akaanza kutembea kati ya viti. Alitembea mpaka katikati kabisa. Hapo akasimama, akafumba macho, na mabega yake, ambayo yalikuwa yamegeuza wagonjwa na kubeba makoti na kushusha ala kwa miaka yote ile, yakaanza kutikisika. Alikuwa anaijua ngoma ile vizuri kuliko wote waliotangulia. Hakuna aliyewahi kumwona.

"Anaitwa nani?" mtu alinong'ona. "Mama Sheldon anaitwa nani?"

"Loice," Déo alisema, kwa sauti kubwa iliyofika jikoni. "Loice."

Wakalichukua. Ukumbi mzima ukaliita kila uzi ulipoteremka, na Absalom akapiga hadi utomvu ukaisha kwenye upinde na sauti ikabaki ya hewa tu, kama yake.

Walirudi Jumapili baada ya ibada. Loice aliendesha mpaka misonobari ilipoanza kupungua. Kisha akavuta pumzi puani.

"Gari inanuka nini?"

Absalom akamwonyesha vidole, bado vyeusi kwa utomvu ulioshika vumbi.

Loice alivitazama, akatazama barabara, akavitazama tena. "Ile chingamu," alisema.

Absalom akavificha vidole chini ya paja.

"Baba Sheldon. Ile haikuwa chingamu."

"Ilikuwa imezeeka," Absalom alinong'ona. "Hii mpya ni nzuri zaidi."

"Nilitumia kisu cha siagi," Loice alisema kwa huzuni, halafu akaanza kucheka, na Absalom naye, mpaka ikabidi apunguze mwendo na lori likawapita likipiga honi. Alipotulia alijifuta macho kwa kiganja cha mkono.

"Kwa hiyo huwa naimba."

Absalom aliitikia.

"Lini?"

"Ukifunga viatu. Ukikwangua barafu. Soksi."

"Na hukuniambia."

"Nilikuuliza. Ukasema siimbi mimi."

Loice alitikisa kichwa. "Sasa umeniharibia. Kila nikifunga viatu nitajisikia."

Hilo Absalom hakuwa amelifikiria. Alikaa na wazo hilo kutoka Madisonville hadi mbali: kwamba pengine alikuwa amekichukua kitu chenyewe alichotaka kukishukuru. Loice alikunywa maji, akarekebisha kioo, akalalamikia dereva mmoja wa Houston aliyekuwa haoni mistari. Ardhi ikafunguka, miti ikaisha, mbingu ikawa kubwa. Karibu na Corsicana aliwasha taa ya kuhama njia, akatazama begani, akalipita lori refu lililobeba mabomba. Na alipokuwa anarudi kwenye njia yake, akiwa anafikiria mambo mengine kabisa, pengine zamu ya kesho, pengine nyama iliyoachwa kwenye friza, kile kitu kikaanza puani mwake, taratibu, kikapanda.

Absalom hakugeuza kichwa. Hata injini aliacha kuisikiliza. Alitazama mbele, yeye ambaye barabarani hakuwahi kutazama mbele, asije akamgutusha.